Mwendesha Mashtaka wa Ghorofa ya Tano

Gundi ya viatu vipya ina harufu inayopanda moja kwa moja kichwani. Ichanganye na ukungu wa kuta zinazotoka jasho, utapata harufu ya Sanyuanli, jijini Guangzhou, katika miezi ya mvua za manyunyu mwishoni mwa miaka ya tisini. Msimu ule unyevu huingia kila mahali. Maji huchuruzika ukutani kana kwamba nyumba ina homa, nguo hukaa kambani bila kukauka, na chumvi hugeuka uji ndani ya kopo. Nilikuwa na miaka kumi na mmoja, nikilala na mama yangu juu ya katoni za raba katika chumba cha ghorofa ya tano, juu ya ofisi za wasafirisha mizigo. Nilichukia kila kitu pale. Nilichukia baridi, nilichukia kukaa bila shule, na zaidi ya yote nilichukia kumwona mama yangu, Inspekta wa Polisi, akipanda ngazi na robota la viatu mgongoni.

Mama alikuwa mwendesha mashtaka wa polisi katika mahakama ya wilaya yetu, mji wa bara wenye migomba na baridi ya asubuhi. Hakuwa na sauti kubwa. Alikuwa na tabia ya kuuliza swali dogo, kisha kunyamaza mpaka mtu achoke mwenyewe na uongo wake. Ndipo lori la tajiri mmoja likamgonga mwalimu aliyekuwa akiendesha baiskeli, akafa palepale. Kwenye usukani alikuwa mtoto wa tajiri, tena amelewa, na mama mmoja aliyekuwa akiuza nyanya kando ya barabara alimwona akishuka. Lakini tajiri alitaka ashtakiwe utingo, kijana maskini asiyejua hata kuliwasha lile lori. Mama aliambiwa abadilishe mashtaka, akakataa. Akaondolewa mahakamani, akapelekwa kusimamia stoo ya mablanketi, na waliochukua nafasi yake wakamshtaki utingo, akawekwa rumande. Mama alivua magwanda, akayakunja vizuri, akayarudisha. Baba alikuwa amekwisha kufariki, kwa hiyo mama alinichukua mimi, akajiunga na wafanyabiashara waliokuwa wameanza kufuata bidhaa Uchina.

Huko nako hakuacha kazi yake, ila mashahidi ndio waliobadilika. Tulikuwa tukishinda kwenye masoko ya viatu ya Liuhua, karibu na stesheni ya treni, na mama alikuwa akimhoji kila laoban, yaani bosi wa duka, kama yuko kizimbani. Anainua raba mbili, moja ya sampuli na moja iliyotoka kwenye katoni, anazipima mkononi, anamtazama mwenye duka, anakaa kimya. Laoban anaanza kwa kucheka, kisha anasema “meiyou”, hakuna tatizo, hakuna nyingine. Mama haondoki. Mwishowe mtu wa watu anaingia nyuma ya pazia na kutoka na katoni ya viatu vya kweli. Wafanyabiashara wenzake walimpenda kwa hilo. Mimi nilikuwa nikiona aibu, nikisimama mbali na kujifanya nimekuja na watu wengine.

Jumapili moja akaja mgeni kutoka nyumbani: baba mkubwa, kaka yake marehemu baba. Alisema amekuja kununua vipuri vya malori. Alituletea unga wa ulezi na dagaa, na mimi akaniletea sweta jipya la shule yangu ya zamani, kubwa kidogo, la kuvaa mwaka ujao. Nililivaa papo hapo, nikakataa kulivua. Bi Mwanahawa, mama wa Kiunguja aliyekuwa akipika kwa ajili ya wapangaji wote wa ghorofa ile, alipakua wali na samaki mkavu wa kutoka soko la Yide Lu, na tukakaa sakafuni, sisi na wafanyabiashara wengine, wa pwani na wa bara, tukala. Mgeni njoo, mwenyeji apone. Siku ile nilijua kwa hakika kwamba mwenyeji atakayepona ni mimi.

Sinia lilipoondolewa, baba mkubwa alimwomba mama watoke kidogo, ana neno la kifamilia. Ndipo mama alipofanya jambo ambalo hata leo nikilikumbuka nasisimka. Kwetu mgeni akishakula huulizwa habari, na ugenini njaa ya habari za nyumbani hushinda njaa ya tumbo. Mama alimmiminia chai, akamwambia kwa adabu zote, “Shemeji, hawa wote wana miezi hawajasikia habari za nyumbani. Sema hapa, sote tusikie.” Watu wakajisogeza. Baba mkubwa alikohoa, akazunguka na bei ya kahawa na misiba ya ukoo, lakini mama alikuwa amekwisha kunyamaza ule unyamavu wake, na mimi niliyeujua nikaanza kumwonea huruma mzee wa watu.

Yakatoka. Hakimu mpya wa kesi ya utingo amesema hatatoa hukumu bila kumsikia mama, kwa kuwa ndiye aliyeandika maelezo ya yule muuza nyanya. Tajiri anaomba jambo dogo tu: mama aseme kwamba yule shahidi alifundishwa la kusema. Akikubali, atarudishiwa kazi na cheo chake, na mtoto atarudi shule. Baba mkubwa akamalizia kwa kusema mtaka cha mvunguni sharti ainame.

“Vipuri unavyonunua ni vya malori ya nani, shemeji?” mama aliuliza.

Baba mkubwa alitazama kikombe. Akasema ni ya tajiri huyohuyo.

“Na utingo je? Ulipita rumande kumwona?”

Baba mkubwa akasukuma kikombe chake kando. Bi Mwanahawa, aliyekuwa akikusanya vikombe, akasema taratibu kama anayesema peke yake, “Mwambie buyao, mwanangu.” Ni neno ambalo hata mimi nilikuwa nimejifunza sokoni. Maana yake sitaki.

Mimi ndiye niliyelia. Nilimwambia mama mbele za watu wote akubali, nataka kwenda nyumbani. Hakunigombeza. Alinivuta karibu, akanikumbatia na lile sweta langu, akasema, “Hata mama yake utingo anataka mwanawe arudi nyumbani.” Kisha akamgeukia shemeji yake. “Kawaambie nitakuja. Nitakuja kwa nauli yangu, na nitasema nilichokisikia.”

Aliuza raba zake zote kwa hasara, tukarudi. Alisimama kizimbani na gauni la kitenge, bila cheo, akahojiwa mchana kutwa, na utingo akaachiwa. Mtoto wa tajiri hakufungwa, nisikudanganye. Jalada lake lilipotea, na leo ni mtu wa kukaa viti vya mbele. Mama hakurudishiwa kazi. Ana kibanda cha viatu sokoni mpaka leo, na wapo watu, hata wa ukoo wetu, wanaopita pale wakitikisa vichwa kwamba alijiharibia maisha. Nawaacha watikise. Heri kufa macho kuliko kufa moyo, na mama yangu moyo wake ni mzima kabisa.

Mimi sasa ni wakili wa serikali katika wilaya nyingine. Siku hizi hakuna anayesafiri mpaka Guangzhou kukushawishi. Simu inatosha, na sauti ni tamu kuliko ya baba mkubwa. Wiki iliyopita ilinipigia. Kuna kesi ya binti wa kazi aliyevunjwa mkono na bosi wake, na bosi huyo ana marafiki. Niliambiwa kwamba nisipoiondoa mahakamani, barua ya uhamisho iko tayari, ya kwenda mpakani, kusiko na lami wala umeme wa uhakika. Jioni nilimpigia mama, nikamweleza yote, nikamwuliza afanyeje mtu mwenye watoto wawili wadogo. Alinyamaza. Mimi nami nimeurithi unyamavu huo, nikasubiri.

“Huko mpakani mvua ni nyingi,” akasema. “Wajukuu zangu wanavaa namba ngapi siku hizi? Niwawekee viatu vya mvua kabla havijaisha.”

Nikamtajia namba.