Kwa-kwa-kwa

Cyril Tarleton wa Liverpool alikuwa mpakia biskuti kiwandani, na sauti alikuwa nayo. Hilo hata waliomchukia hawakulibisha. Kaka yake Austin, mhudumu wa meli, ndiye aliyemletea kutoka New York santuri ya Otha Pettway, mwimbaji wa Marekani. Mjini pale hakuna mwingine aliyekuwa nayo. Cyril akabandika karatasi juu ya jina la wimbo, waimbaji wenzake wasije wakamwibia.

Penye "rudi kwangu", santuri ilisema "rudi kwa-kwa-kwa-kwangu". Lo! Cyril akaona huo ndio utamu wenyewe wa Wamarekani. Miaka minne akaufanyia mazoezi mbele ya kioo, kila "kwa" na bega lake. Alipoimba na kikundi chake, wasichana walipiga makelele. Vikundi vingine vikaiga, wajinga wale.

Ndipo Pettway mwenyewe akaja, akitafuta mtu wa kumtangulia jukwaani wiki sita, Uingereza nzima. Cyril aliacha kazi asubuhi ile ile, kabla hata hajasikilizwa. Mchana akapanda kuimba, ukumbi umejaa wanamuziki, Austin kiti cha mbele.

"Ngoja, ngoja," Pettway akamkatiza. "Kijana, una kigugumizi?"

"Hapana, mzee. Ndivyo ulivyoimba."

"Mimi?" Mzee alicheka mpaka akashikilia piano. "Mwanangu, santuri yako ina mkwaruzo! Sindano ilikuwa inaruka!"

Ukumbi mzima ukaangua kicheko, na waliomwiga ndio waliocheka zaidi. Pettway akamwonea huruma. "Sauti unayo. Imba tena, iende moja kwa moja, nikuchukue."

Cyril akaimba, jasho linamtoka. Alipofika kwenye "rudi" akajikaza, wapi! Ulimi ukaenda zake: kwa-kwa-kwa. Akarudia. Mara ya tatu hata bega lilipanda lenyewe.

"Basi, mwanangu," Pettway akasema bila kumtazama. "Nani anafuata?"

Nje, Austin alikuwa bado anafuta machozi ya kicheko. "Ile santuri niliiangusha ngazini siku ile nashuka melini. Isiyo na mkwaruzo nimeisikia huko New York mara mia."

"Ulijua? Mbona hukuniambia, kaka?"

"Ah, bwana wee! Kila safari nilikuwa nakuigiza kwa wenzangu melini. Walikuwa hawana mbavu!"

Jumatatu Cyril alirudi kiwandani, kofia mkononi, kuomba kazi yake. Msimamizi alimsikiliza mpaka mwisho, uso mkavu, wapakiaji wote wakitazama.

"Nenda kwa-kwa-kwa-kwenu," akamwambia.