Mzee Niliyesema Amechanganyikiwa

Nilipopelekwa kumtunza mzee mmoja Mbengali huko ughaibuni, Takoma Park, binti yake aliniambia tu, "Baba alikuwa mtu wa sinema." Sikutilia maanani. Kumbe kwao Kolkata alikuwa ameandika filamu chungu nzima, nyimbo zake akitunga mwenyewe, akiigiza, hata mabango akichora. Mimi nilichojua ni kwamba anapenda chai ya maziwa na hataki soksi.

Binti akasafiri kikazi. Siku hiyo hiyo, nikiwa jikoni, nikamsikia mzee akifoka chumbani kwa Kibengali. Mara sauti ikawa ya mwanamke anayebembeleza. Halafu kilio, cha mtoto kabisa. Haki ya nani! Nikachungulia: yuko peke yake, machozi yanamtiririka. Sisi watunzaji tumefunzwa kwamba mgonjwa akibadilika, unaripoti. Nikampigia nesi: "Mzee amechanganyikiwa, anaongea na watu wasiokuwepo." Nilijiona mjuaji kweli.

Daktari akaandika vidonge vya kumtuliza. Akatulia, tena sana. Alikaa dirishani mdomo wazi, nami nikamshukuru Mungu kwa shifti nyepesi.

Binti aliporudi alimtazama, akaniuliza, "Ameacha kuandika tangu lini?"

"Kuandika? Sijamwona na kalamu."

"Baba hashiki kalamu. Huigiza kila mhusika mpaka maneno yakubali, kisha hunikariria mimi nikaandika. Hii ndiyo filamu yake ya mwisho."

Ardhi ingenimeza ningeshukuru. Mimi, wa kanisa linaloomba kwa sauti mpaka jirani anagonga ukuta, mimi ninayelia peke yangu mbele za Mungu na kuita hiyo ibada, ndiye niliyemwita mwenzangu kichaa! Mpaka leo nikikumbuka uso unawaka.

Vidonge vikasimamishwa. Nilimpigia mzee magoti, akacheka. Aliniita "ma", kama kwetu babu anavyomwita mjukuu "mama". "Ma, umenisifu," akasema. "Uliamini kweli wapo watu chumbani."

Nikadhani yameisha. Maneno yakaanza kumrudia, kidogo kidogo. Halafu asubuhi moja, nikikunja nguo, akafungua mlango na kusimama pale, ameshika kitasa.

"Ma, huyu mama wa kwenye filamu amefiwa. Naruhusiwa kulia?"

Nyumbani kwake mwenyewe. Nikamwambia, "Lia, baba." Akalia kwa sauti ya chini, akinitazama usoni kuona kama imetosha.