Darubini Niliyoijenga Mashineni Msamala

Enzi zile za ruksa kila aliyepata kidogo alifungua kitu. Mitumba ikajaa, sabuni zikarudi madukani, na pale Msamala, Songea, ikaja mashine ya kusaga ya mtu binafsi. Aliyeiendesha alikuwa mtani wangu, Myao wa Namasakata, kule Tunduru. Wazee wangu Wangoni walipigana na wazee wake, sisi tukarithi utani: yeye ruksa kunitukana, mimi ruksa kumnyang'anya kofia, na anayekasirika ndiye mjinga. Shikeni hilo la kukasirika, nitalirudia.

Dizeli ilikuwa ya shida, foleni ndefu. Wanawake walikaa na madebe yao tangu asubuhi, na mimi, niliyeacha shule darasa la pili kwa sababu ya mbuzi, lakini hiyo habari nyingine, niliwapigia hadithi. Mtani alipenda, maana anayesubiri hadithi haendi mashine nyingine.

Iliyotia fora ilikuwa ya darubini. Darubini niliijua. Niliwahi kuwabebea wapima barabara ile yao ya miguu mitatu, na mmoja akaniruhusu kuchungulia, nikaona ng'ombe wa mlima wa pili anavyotafuna. Halafu padri wa misheni aliniambia mwanga wa nyota ni wa zamani, umetembea mno mpaka kutufikia. Nikavichanganya.

Nikasema: mbele sana huko, wajukuu wa wajukuu zetu watahamia kwenye nyota. Vyombo vyao vitaupita mwanga njiani kama basi linavyompita mwenye baiskeli. Huko watajenga darubini ambayo kioo chake ukikilaza kinafunika milima yote ya Matogoro. Wakiielekeza huku, mwanga wa kwetu ndio kwanza utakuwa unafika. Watatuona sisi.

"Hata mimi na kitenge hiki kilichotoboka?" mama mmoja akauliza.

"Hata tundu lenyewe."

"Basi baba, waambie wangoje nikabadilishe!"

Mlinzi wa darubini alikuwa mwanamke, na alitafuta jambo moja tu: ukoo wake ulitoka kwenye jiko lipi. Nilimpitisha Mbinga kwenye kahawa, nikampeleka Tunduru kwenye korosho, nikamleta polepole Songea. Mwisho sikuusema. Wakidai, nasema kioo kimeingia ukungu.

Mwisho niliujua. Mke wangu alikuwa amefariki masika yaliyopita. Mlinzi ataona uwanja wa nyumba yetu, Mshangano, na mwanamke anaanika mihogo juu ya mwamba. Atainuka, mkono mmoja mgongoni, mwingine juu ya macho, kama alivyofanya mke wangu kila akichoka. Atatazama juu, moja kwa moja ndani ya kioo. Mlinzi atasema, "Shikamoo, mama." Basi.

Nilimwambia mtu mmoja tu, mtani. Siku ya mazishi yeye ndiye aliyejilaza kaburini akagoma kutoka mpaka apewe kuku, akidai marehemu alimwahidi. Kazi ya watani msibani ndiyo hiyo. Nilicheka kwa mara ya kwanza tangu msiba uanze. Mtu wa namna hiyo ningemficha nini? Mkanda wa mashine ulipokatika siku moja, tukiwa tumekaa wawili juu ya magunia ya pumba, nikamweleza. 

"Innalillahi," akasema. "Mtani, hiyo usiwape hawa. Hiyo ni yako."

Haikupita wiki. Nafika na debe langu, nakuta foleni nzima imeshika mbavu. Mtani yuko juu ya benchi, kiuno amekibinua, mkono juu ya macho.

"Anatazama juu! Mnajua anatafuta nini? Mume wake! Chini kamtafuta vilabu vyote vya pombe ya komoni, hayupo, sasa anamtafuta mbinguni!"

Na alivyoigiza, Mungu anisamehe, aliigiza sawasawa, mpaka ule mkono wa mgongoni. Alikula kwetu mara nyingi, alimjua.

"Huyo kaja mwenye hadithi! Mtani, si ndivyo?"

Wote wakanigeukia. Utani nimeshawaeleza. Ningekasirika pale ningekuwa mjinga wa Msamala nzima. Nikacheka. Nilicheka kwa nguvu, nikajipiga mapaja.

Baadaye nikamvuta pembeni. "Ulisema ni yangu."

"Mtani, wewe ungewaliza watu. Akilia mtu hapa, kesho atarudi kusaga?" Akanipiga begani, akaenda kuwasha mashine.

Tangu siku hiyo mahindi yangu niliyapeleka kwingine, mbali. Hadithi ikabaki kwake. Hata leo nikipita Msamala kuna watu wazima huweka mkono juu ya macho, "Mzee, shikamoo! Yule mama kampata mumewe?" Hawajui wanamcheka nani. Naitikia marahaba, napita.

Ila kinachonikera zaidi ni sheria ya hadithi yenyewe, na niliiweka mimi. Mwanga haupotei, uko njiani. Mke wangu na mihogo yake yuko njiani. Nyuma yake kidogo inafuata siku ile ya mashine. Mlinzi akichelewa kuondoa jicho, ataniona na mimi, mdomo wazi, nimejipinda kwa kicheko pamoja na wenzangu. Darubini haisikii kitu. Atadhani nilifurahi.