Tamko la Tatu

Ninaandika filamu ambazo hazivuki kisiwa hiki, na hata hapa Pemba wanaozitazama hawasubiri kusoma jina la mwandishi. Kazi yenyewe nimejifunza peke yangu, kwa vitabu vya mtumba na kwa kusimamisha filamu za wenzangu kila onyesho, nione limejengwaje.

Kwetu si rahisi kumpata mwanamke atakayekubali kuigiza mke wa mtu asiye mumewe. Mwaka huu kikundi chetu kilibahatika: majirani zangu, mke na mume, walikubali kuigiza pamoja. Nikawaandikia mchezo wa ndoa inayovunjika.

Onyesho la talaka tulilipiga picha katika nyumba ya kuazima karibu na Gombani. Mara ya kwanza mume alisema "Nimekuacha" huku anatazama mkeka.

"Bwana wee, unaacha mke au unaaga kwenda sokoni?" mpiga kamera akamtania. Mke alicheka hadi akajifunika uso kwa ushungi.

Mara ya pili haikuwa bora. Nikamvuta mume pembeni. Nilikuwa nimesoma kwamba mwigizaji akiikumbuka hasira yake ya kweli, sauti hubadilika.

"Kumbuka siku aliyokuudhi hasa," nikamwambia. "Useme naye yeye, si mtu wa kwenye mchezo."

Mara ya tatu alimtazama mkewe machoni, akatamka. Hakucheka mtu. Mimi nikasema, "Hapo sasa!" Nilifurahi kweli.

Jioni ile mke alifunga nguo zake, akaenda kwa mama yake Kiuyu. Alitaka ajue kwanza kama bado ana mume.

Tulikwenda kwa shehe sote watatu.

"Maneno ya kuigiza ni kama ya kusimulia," shehe alisema. "Hayamwachi mtu." Kisha akamgeukia mume. "Mara zote tatu ulikuwa unaigiza?"

Mume akanitazama mimi. Ikabidi nieleze nilichomwambia pembeni.

"Na hilo la mwisho," shehe akamuuliza, "ulikuwa unamwambia nani?"

"Mke wangu," akajibu.

Shehe akaihesabu talaka moja, akamtaka amrejee mkewe, naye akamrejea palepale. Ndoa ipo. Ila sasa, kati ya talaka tatu, imebakiwa na mbili, na hiyo iliyopungua imepungua kwa ajili yangu, kwa onyesho ambalo nimeshaliondoa kwenye filamu.

Juzi nilikwenda kumtaka radhi yule mke. Nilimkuta barazani anapepeta mchele. Alinipa kiti, akanisikiliza mpaka nikamaliza.

"Mie nishakusamehe, kaka," akasema. "Lakini wewe ndiye uliyemfundisha, basi nambie. Siku ile alikumbuka nini?"

Sikuwahi kumuuliza mumewe. Nilichotaka ni sauti tu. Nikamwambia sijui.

"Hujui," akasema, akarudi kwenye ungo wake. Niliona hakuniamini, na kwamba swali hilo atabaki nalo ndani ya nyumba yake.