Kanga Ulingoni

Kaka yangu ni pande la mtu, kilo mia na kumi na mbili, seremala wa Keko, na nyumbani kwetu Temeke akikaa kwenye kochi sisi wengine tunakaa mkekani. Alipigana ngumi na mateke, uzito wa juu, miaka kumi na moja bila kupata mkanda hata mmoja. Kwenye mashindano ya safari ile alituambia akiukosa tena mkanda anatundika glavu, maana magoti yalishaanza kumsumbua.

Mama hakuwahi kumwona akipigana. Kila pambano alibaki nyumbani na tasbihi yake, akidai moyo wake haustahimili. Jumapili ile akavaa, akasema twende. Kocha, kwa kumheshimu, akamwekea kiti chini ya kona yetu asije akasukumwa na watu.

Nusu fainali kaka aliimaliza mapema. Fainali ilikuwa ngumu, ila raundi ya tatu akampiga mpinzani teke la paja, yule akaenda chini, mwamuzi akaanza kuhesabu. Mama alinyanyuka na kigelegele, akavua kanga ya mabegani na kumtupia mwanawe, vile tunavyomtupia mwari siku ya kutolewa ndani. Ikatua katikati ya ulingo.

Kwenye mchezo huu, kona ikirusha taulo imesalimu amri. Mwamuzi akaacha kuhesabu, akapunga mikono. Pambano limekwisha, tumejitoa.

"Hilo si taulo, ni kanga ya mama yake," kocha akalalamika.

"Kitambaa kimetoka kona yenu," mwamuzi akajibu. "Mie naangalia kilikotoka."

Nilipandwa na hasira hata nikatamani kumfokea mama yangu mzazi, Mungu anisamehe. Mwenyewe alikuwa bado anapiga makofi. Kaka akaiokota kanga, akajitanda mabegani, akashuka na kupiga magoti mbele yake ili amfute jasho. Kule juu mwamuzi alikuwa ameunyanyua mkono wa mpinzani, na ukumbi mzima unazomea.

Mama akaacha kumfuta. "Mbona wamemnyanyua mkono yule?"

Kaka alinitazama mimi kwanza, nikajua ninyamaze. Nampenda sana kaka yangu, lakini sijawahi kumpenda kama nilivyompenda dakika ile.

"Wanampa pole, mama," akasema.