Ulezi Uliochakurwa na Kuku

Pale Makere, nyumba yetu na ya jirani zilitenganishwa na mstari wa minyaa tu. Mama wa nyumba ile alikuwa shoga wa mama yangu tangu walipoolewa. Mimi nilimwita mama mdogo.

Ugomvi ulianza siku mama alipoanika ulezi wa mbegu. Kuku wa jirani waliingia, wakala, wakauchakurachakura hadi ukachanganyika na udongo. Mama akarusha jiwe kuwafukuza. Likampata jogoo kichwani, akafa.

Mama alimbeba jogoo mwenyewe, akaenda kuomba radhi. Nilikuwa nyuma yake.

"Ungeniambia niwafungie," mama mdogo alisema.

"Nimekuambia mara ngapi?"

Hapo ndipo mambo yalipoharibika. Kesho yake mume wake aliziba kwa miiba njia ya kwenda kisimani, iliyopita kwenye migomba yao. Baba akajibu kwa kuukata mparachichi wa mpakani, ambao sote tulikuwa tukiuchuma. Mwenyekiti wa kitongoji akawaita, wakapeana mikono mbele yake. Miiba haikuondolewa. Tangu hapo hata salamu ya asubuhi, ile mwakeye yetu, ilikoma. Mama akawa anazunguka kilima na ndoo kichwani, miaka mingi.

Mama mdogo alipolazwa Kasulu, mama alipika uji, akautia kwenye chupa ya chai, tukapanda bodaboda. Kando ya kitanda tulimkuta binti yake.

"Mama hali vya kwenu," alisema, bila kutukaribisha.

Mama mdogo alikuwa macho. Alimtazama mama kwa muda mrefu, kisha akageukia ukutani. Mama akatoka, akakaa kwenye benchi mpaka saa ya kuona wagonjwa ikaisha. Uji tulirudi nao. Wiki iliyofuata tulisikia vilio ng'ambo ya minyaa. Mama alikwenda msibani peke yake, akakaa mwisho kabisa, na hakuna aliyemsogezea mkeka.

Sasa naishi Kibondo. Mwezi uliopita nilikwenda nyumbani nikakuta minyaa imeng'olewa. Kaka yangu na mtoto wa mama mdogo wanashtakiana kwa hatua mbili za ardhi. Nilimuuliza kaka kama anajua wazazi walianza kugombana kwa nini.

"Wale ni watu wabaya tu," alinijibu. "Tangu zamani."

Mama alikuwa amekaa karibu, akichambua mboga. Alisikia yote. Hakuinua kichwa.