Mtu Mmoja wa Kusema Hapana

Kila baada ya siku kumi na tano nyumba yetu ya Butembo ilinyamaza. Mama aliweka redio juu ya kiti, akavuta kigoda chake karibu, na ole wako ukikokota sufuria au ukikohoa. Mimi nina hasira za karibu, kila mtu kwetu anajua, na ile redio ilinimaliza. Natoka darasani koo limekauka, nimefundisha jiografia tangu asubuhi, nafika kwangu mwenyewe naambiwa, "Chuuut!" Kama mtoto mdogo.

Alikuwa anangojea neno moja tu: kwamba Bunge limekataa kuongeza état de siège. Kwetu hilo neno halina haja ya maelezo, mais niseme kwa walio mbali. Rais alitangaza kwamba vita imezidi, akaondoa viongozi raia, akaweka wakubwa wa jeshi na wa polisi mahali pao. Kesi za jinai za raia zikatolewa kwa majaji wa kawaida, zikapelekwa kwa majaji wa kijeshi. Katiba inamruhusu, kwa siku thelathini. Zikiisha, hawezi kuendelea bila Bunge kumpa kumi na tano, kisha kumi na tano nyingine, na nyingine. Waliandika hivyo makusudi, ili mtu mmoja asishike bunduki ya nchi nzima bila kuulizwa. Bon. Wamemuuliza na wamemuongezea, watoto waliozaliwa wakati huo wamekwisha kuanza shule, na watu wanaendelea kuchinjwa mashambani.

Mama hakuanza kusikiliza juu ya siasa. Alianza juu ya mdogo wangu.

Mdogo wangu alikuwa na shamba la kakao upande wa Oicha. Jeshi lilifunga ile sehemu, likasema ni mahali pa operesheni, raia asionekane. Mais kakao haijui operesheni. Inaiva, na usipoivuna inakuwa nyeusi mtini na panya wanaimaliza. Alivumilia msimu mmoja, alipoona wa pili unaenda vilevile akaingia. Na kakao si mahindi, kwamba unavuna asubuhi na jioni uko nyumbani. Unapasua, unaifunika na majani ya ndizi ili ichachuke, unaigeuza, unangojea siku kadhaa. Kwa hiyo alibeba unga, maharagi, chumvi na mafuta ya kumtosha mpaka mwisho wa kazi. Wanajeshi walimkuta ameketi kando ya lundo lake, anapika. Wakatazama ule unga, wakasema ni mwingi kwa mtu mmoja. Wakasema anawalisha waasi.

Ndivyo alivyofika katika gereza la Beni, akingojea tribunal ya kijeshi, na kosa waliloandika ni lile ambalo mtu hatoki nalo.

Siku nilipomwambia mama, hakulia. Aliuliza, "Ni nani alipatia basoda ba jeshi ruhusa ya kuhukumu mulimaji?"

Nikamwelezea habari ya rais, ya Bunge, ya siku kumi na tano. Nilifikiri nitamchosha aniache. Kumbe nilimpa kazi.

"Donc banaulizwaka," akasema.

"Banaulizwa, mama."

"Na mutu anaweza kusema hapana."

"Anaweza, mais..."

"Basi. Tutafute mutu moja wa kusema hapana."

Hapa lazima nieleze mama alikotoka. Alizaliwa Kipese, kule juu kwenye baridi, na babu yake alikuwa na kyaghanda, ile nyumba ya mazungumzo ambamo wanaume waliota moto na kukata maneno ya ukoo. Mama alikuwa msichana wa kupeleka viazi mpaka mlangoni, na mlangoni alisikia yote. Alituambia mara nyingi: pale neno halikupita juu ya mtu. Mmoja akisema hapana, hata kama ni maskini asiye na mbuzi, walisimamisha shauri. Walimuuliza, "Unaumwa wapi?" Akajieleza. Wakaenda kulala, wakarudi kesho. Shauri la shamba liliwahi kukaa msimu mzima juu ya mzee mmoja mbishi, na hakuna aliyemcheka. Kwa mama, hiyo ndiyo maana ya kuuliza watu. Hakujua nyingine.

Nilimwambia, na nilimwambia kwa sauti, "Mama, Kinshasa banahesabu mikono! Haiko kyaghanda!"

"Wewe unapenda kubisha," akanijibu. "Bale nabo balizaliwa na batu."

Wakati wa likizo ya Bunge, mbunge mmoja wa kwetu alifika Butembo kusalimia waliomchagua. Mama akamkamata jogoo wake mwekundu, akamfunga miguu, akavaa kitenge cha misa, akaniambia nimsindikize. Njiani nilikuwa nimenuna. Nilijua tutakuta kijana mlangoni atakayesema Honorable yuko kwenye réunion, na jogoo atapokelewa na sisi tutarudishwa.

Haikuwa hivyo. Alitupokea sebuleni mwenyewe, mtu mnene, viatu vinang'aa, akasimama alipomuona mama. Mama akakataa soda.

"Honorable, mwanangu," akasema, "sikukuya kuomba kazi, wala bâche ya kufunika nyumba, wala mabati. Mutoto wangu iko mu gereza ya Beni juu ya kakao yake mwenyewe. Basoda ndio banamuhukumu. Banasema ni ninyi munabaongezeaka siku. Mukirudi kule, bakiuliza, wewe simama, useme hapana. Hapana moja tu. Siombi ingine."

Yule mtu alitazama mikono yake. Nilingoja aanze kutudanganya, na ulimi wangu nilikuwa nimeuweka tayari.

"Mama, nitasema," akasema. "Mais tuko wachache. Hata nikisema..."

"Wewe sema. Yenye kubakia tunaachia Mungu."

"Nitasema, mama."

"Wasingya," mama akamshukuru kwa Kinande, na akamkabidhi jogoo. Tulipotoka nilimwambia, "Hawa banaahidiaka kila mutu." Alitembea mbele yangu mpaka nyumbani, nikashindwa kumfikia.

Na sikiliza sasa, juu hapa ndipo panaponiuma. Angetudanganya, ningejua la kufanya. Ningemtukana mwaka mzima na moyo ungepoa. Mais yule mtu alisimama.

Bunge liliporudi, siku ya kuongeza ikafika, na jioni redio ikatoa habari. Mwandishi alisema wabunge wachache wa upande wetu walipinga, kisha akatusikilizisha sauti. Ilikuwa yake. Alisema watu wetu wanakufa chini ya état de siège kama walivyokufa kabla yake, wakulima wanahukumiwa kama waasi, na yeye anasema hapana. Alisema kwa Kifaransa kwanza, kisha kwa Kiswahili, nadhani makusudi, ili mama mmoja wa Butembo asikie.

Mama aliruka kwenye kile kigoda. Mwanamke wa umri ule! Akatoka nje, akapiga vigelegele mpaka majirani wakatokea kwenye malango. "Amesema! Amesema hapana! Nimemusikia na masikio yangu!" Wakamkumbatia. Mmoja akaleta ndizi.

Redio ilikuwa inaendelea kusema ndani, na niliyebaki kuisikiliza ni mimi peke yangu. Bunge limekubali. Siku kumi na tano nyingine.

Niliingia katikati ya wale wamama nikamwambia. Alinitazama kwa huruma, kama ninavyowatazama wanafunzi wangu walioshika kitabu kichwa chini.

"Haiwezekani," akasema. "Mutu amesema hapana. Sasa banarudia kukaa, banamuuliza. Kesho utasikia."

Kesho yake alifua shati jeupe la mdogo wangu, akalipiga pasi, akafunga na viatu vyake katika kitambaa, akanituma Beni nikamlete. Tuligombana, Mungu anisamehe, tuligombana vibaya. Nikapiga meza. Yeye akaendelea kufunga kitambaa, akavuta fundo kwa meno. Mwishoni nilienda juu ilikuwa siku za tribunal, na mtu wetu hawezi kusimama pale bila hata uso mmoja wa kwao.

Gari ilisimama kwenye kila barrière ya wanajeshi, nasi tukashuka, tukapita kwa miguu, tukapanda tena. Wakati wa kuona wafungwa, mdogo wangu alikuja akiwa amekonda, macho makubwa. Aliliona shati kabla ya kuniona mimi.

"Yaya," akaniita, kama tunavyoita wakubwa wetu, "balikataa kuongeza?"

"Baliongeza."

"Mais mama aliniletea shati."

"Mama anafikiria banarudia kukaa."

Akacheka. Kweli alicheka, na mimi nikacheka, tukashikana kwenye nondo zilizotutenganisha na kucheka mpaka mlinzi akatuuliza tumelewa nini. Kisha akaomba nimuachie lile shati, alivae mbele ya majaji.

Alilivaa. Waliokuwa wanahukumiwa ni wengi, na kila mmoja alipata dakika zake. Ofisa mmoja alieleza habari ya unga. Mdogo wangu akaeleza habari ya kakao, kwamba inataka siku kadhaa chini ya majani, kwamba hakuna anayeichachusha akiwa na njaa. Rais wa tribunal, yule jaji mkubwa, alikuwa mtu wa mbali, nadhani hajawahi kuona kakao ila katika biskuti. Walitoka, wakarudi, wakasoma. Kifungo cha maisha. Aligeuka kunitafuta kati ya watu, na nilinyanyua mkono ili anione, mais walikuwa wamekwisha kumvuta na kuita mwingine.

Nilirudi Butembo na viatu vyake kwenye kitambaa. Mama alikuwa uani anamenya viazi. Sikuwa na namna nzuri ya kusema, nikasema vile ilivyo. Kifungo cha maisha, mama.

Kisu kikasimama.

"Na ule Honorable?" akauliza. "Nyuma ya kusema hapana, balimuuliza nini?"

"Hawakumuuliza kitu."

"Hakuna hata mutu moja alimuuliza anaumwa wapi?"

"Hakuna, mama. Balihesabu mikono, kisha bakaenda kwa shauri ingine."

"Siku ile ile?"

"Siku ile ile."

Hapo ndipo alipolia. Tangu walipomkamata mwanawe hakuwa amelia, na sasa alilia kwa sauti yote, ameshika kichwa, anaita jina la mtoto wake na kuweka baada yake maneno tunayowawekea waliokufa. Nilipiga magoti nikamshika, nikamwambia, "Mama, angali muzima, anakula, nimemuona, alicheka." Hakunisikia. Mimi pia nilikuwa nalia, na sauti yangu haikuwa na nguvu ya kumshawishi mtu.

Majirani walisikia. Kwetu kilio cha namna ile hakihitaji kuulizwa. Wamama waliingia wakiwa wamefunga viuno, wanaume wakaleta kuni na kuziweka katikati ya uwanja, pale tunapowasha moto wa matanga. Mmoja alikuwa amekwisha kuinama na kiberiti.

Nilisimama nikawaambia waache. Nikawaambia hakuna aliyekufa, ni hukumu tu imesomwa, warudi makwao na aksanti. Yule mwenye kiberiti akasimama, ameona haya, akaanza kukusanya kuni zake.

Mama akanyanyua uso.

"Muache bawashe," akasema.

Wakawasha, wakaketi, na hakuna aliyerudi kwake.